Raha ya Kutojua Kusoma

Kitabu ninachotaka kukizungumzia hapa karibu hakina neno linalosomeka. Si kwamba kimeandikwa kwa lugha ngeni, ambayo mtu mwenye subira na mwalimu mzuri angeweza kujifunza. La, hasha. Kimeandikwa kwa hati isiyopatikana popote duniani isipokuwa ndani yake, na hakuna mtu, hata huyo aliyekiandika, awezaye kukuambia mstari wake wa kwanza unasema nini. Jina lake ni Codex Seraphinianus. Mwenyewe ni Luigi Serafini, msanii na msanifu majengo wa Kiitaliano, aliyezaliwa Roma mwaka 1949. Alikichora na kukiandika kwa mkono kati ya mwaka 1976 na 1978, na mchapishaji Franco Maria Ricci akakitoa mwaka 1981 katika majuzuu mawili. Tangu hapo kimechapishwa tena mara kadhaa, nacho kimenizushia swali lililonifanya nishike kalamu: je, kitabu kisichosema kitu kinaweza kuhukumiwa kuwa ni kizuri au kibaya?

Nadiriki kusema kinaweza. Lakini kabla ya kuhukumu ni haki kwanza kueleza, maana wengi wanaokitaja kitabu hiki hukitaja kama kioja tu, kama mtu anayesimulia ndama mwenye vichwa viwili aliyemwona mnadani.

Kwa sura yake ya nje Codex ni ensaiklopidia. Kina kurasa 360 hivi, na kina sura kumi na moja zilizopangwa kwa nidhamu kabisa. Zinaanza na mimea, zikafuatia wanyama, kisha viumbe wa ajabu wa miguu miwili, kisha mambo yanayofanana na fizikia na kemia, kisha mashine na vyombo vya kusafiria. Hiyo ni nusu ya kwanza. Nusu ya pili ni ya binadamu: mwili wake, historia yake na desturi zake za maziko, maandishi yake, vyakula na mavazi yake, michezo yake, na mwisho majengo yake. Kila sura ina michoro ya penseli za rangi, kila mchoro una maelezo, na kila ukurasa una namba yake. Ukikitazama kwa mbali, utadhani ni kitabu cha maarifa cha shule fulani tajiri.

Ukikisogelea ndipo unapoduwaa. Kuna mti unaojing'oa na mizizi yake na kuhama. Kuna tunda linalotoka damu. Kuna mmea unaokuzwa mpaka ukapata umbo la kiti, kisha ukafanywa kiti kweli. Kuna mume na mke waliolala pamoja, ambao picha kwa picha wanageuka polepole mpaka wakawa mamba mmoja. Kuna mtu ambaye kalamu imekuwa kiungo cha mwili wake. Na chini ya kila ajabu kuna yale maandishi: hati nzuri ya mviringo, inayotiririka kutoka kushoto kwenda kulia, yenye herufi kubwa na ndogo, vichwa vya habari na aya. Yana kila dalili ya maana, ila maana yenyewe.

Napenda kusisitiza jambo hili, kwa sababu ndipo ustadi wa Serafini ulipo. Michoro ya ajabu si jambo geni. Hata mtoto aweza kuchora samaki mwenye miguu. Ugumu ni kuuchora uongo kwa heshima ile ile ambayo mtaalamu wa mimea huuchora ukweli. Serafini hacheki wala hakonyezi jicho. Mti wake unaohama ameuchora kwa hatua, kana kwamba ameketi ukingoni kwa siku nyingi akiutazama. Kwa hiyo ajabu lake halikutishi wala halikuchekeshi upesi. Linakufanya uulize: kwa nini iwe hivyo? Na ukishauliza tu, macho yanashuka kwenye maelezo kutafuta jibu, nayo maelezo yamefungwa. Mtego wa kitabu kizima ni huo, na unanasa katika kila ukurasa.

Kuna picha moja ambayo kwangu ndiyo ufunguo, ingawa haifungui mlango wowote. Wasomi wa kale walifaulu kuisoma hati ya Misri kwa msaada wa jiwe la Rosetta, ambalo juu yake ujumbe mmoja ulikuwa umechongwa kwa hati mbalimbali, mojawapo ikiwa ya Kiyunani iliyokuwa ikijulikana. Serafini naye ametuchorea jiwe la namna hiyo, na mtu akilionyesha kwa wanafunzi wake. Upande mmoja una hati ya Codex. Upande wa pili una hati nyingine, nayo pia haijulikani! Ni mzaha, lakini ni mzaha wenye adabu. Anatuambia waziwazi: msipoteze muda wenu kutafuta.

Watu hawakusikia. Binadamu akionyeshwa mlango uliofungwa hasadiki kwamba nyuma yake kuna ukuta. Tangu kitabu kilipotoka wamekuwapo watu wa kuhesabu herufi, kulinganisha maneno, na kutafuta sarufi. Walilolipata kwa hakika ni moja tu: namba za kurasa. Wataalamu wawili, Allan Wechsler na Ivan Derzhanski, kila mmoja kwa njia yake, waligundua kwamba namba hizo zina mpango halisi, nao si wa kuhesabia kwa makumi kama sisi bali kwa ishirini na moja. Hebu fikiri, msomaji wangu. Katika ulimwengu ule mzima, kitu pekee kinachosema kweli ni namba inayokuambia umefika wapi. Unajua uko ukurasa gani wa mambo usiyoyajua.

Hamu hii ya kutafuta siri haikuanza na Serafini. Kuna hati nyingine, ya kale kweli, iitwayo hati ya Voynich kwa jina la muuza vitabu Wilfrid Voynich, aliyeinunua Italia mwaka 1912. Siku hizi imehifadhiwa katika maktaba ya Beinecke, Chuo Kikuu cha Yale, Marekani. Imeandikwa juu ya ngozi ya ndama, na kipimo cha kaboni kimeonyesha kwamba ngozi hiyo ni ya kati ya mwaka 1404 na 1438. Nayo ina mimea isiyotambulika, nyota, wanawake wanaooga, na maandishi ambayo hadi leo hayajapata tafsiri iliyokubaliwa na wataalamu. Mwaka 1921 Profesa William Newbold wa Marekani alitangaza kwamba ameifumbua. Alisema kila herufi imeundwa kwa vialama vidogo mno, visivyoonekana ila kwa kioo cha kukuzia, na kwamba ndani ya vialama hivyo kuna maarifa makubwa ya mwanachuoni wa kale Roger Bacon. Wengi walimshangilia. Miaka kumi baadaye, mwaka 1931, msomi mwenziwe John Manly alionyesha kwamba vile vialama ni nyufa za wino uliokauka, na kwamba kwa njia ile ya Newbold mstari mmoja ungeweza kutoa tafsiri nyingi zisizopatana. Tangu hapo wametokea wengine: mmoja akisema ni Kilatini kilichofupishwa, mwingine Kiebrania, mwingine Kituruki. Kila mmoja amesoma. Hakuna wawili waliosoma neno moja.

Hapa nawajibika kumleta bibi yangu, mzaa mama, kwa sababu kipimo chake cha kusoma ni bora kuliko vingi nilivyokutana navyo katika vitabu vya uhakiki. Bibi hakujua kusoma mpaka alipokwisha kuwa mtu mzima wa wajukuu. Mjomba wangu alikuwa akifanya kazi bandarini Mombasa na kumwandikia barua, na barua ikifika bibi huiweka katika kasha lake mpaka apite mtu wa kumsomea. Akishasomewa alikuwa akinyamaza kidogo, halafu husema, "Hebu nisomee tena, mwanangu." Sisi watoto tulidhani amesahau, au anataka kulifaidi jina la mwanawe mara ya pili. Kumbe sivyo. Alikuwa akimpima msomaji. Mara ya pili maneno yakitoka yale yale, alijua kwamba barua ndiyo iliyosema. Yakitoka mengine, alijua kwamba aliyesema ni yule mtu aliyeishika, ambaye kusoma kwenyewe hakukujua vizuri ila aliona haya kukiri, au alikuwa na lake jambo. Barua hiyo aliikunja akaisubirisha mtu mwingine.

Alikipata kipimo hicho kwa gharama. Miaka kabla ya hapo aliwahi kutia dole gumba kwenye karatasi aliyoambiwa ni ya mkopo mdogo wa msimu, na baadaye akaambiwa kwamba karatasi ile ile ilisema minazi saba ya mpakani si yake tena. Aliyemsomea alikuwa amemsomea mara moja tu.

Ukiwashika wafumbuzi wa hati za siri kwa kipimo cha bibi, wengi wao hawafiki jioni. Newbold alishindwa kwa kipimo hicho hasa, maana Manly hakufanya zaidi ya kuomba isomwe tena. Kwa hiyo nasema katika jambo hili Serafini ni mwaminifu kuliko wale wanaomtafutia siri. Mwaka 2009, akizungumza mbele ya wapenda vitabu wa Chuo Kikuu cha Oxford, alisema wazi kwamba nyuma ya hati yake hakuna maana iliyofichwa. Kwamba mkono wake uliandika karibu kama unavyojiendea wenyewe. Alilolitaka ni kumrudishia msomaji hali aliyokuwa nayo utotoni, anapofungua kitabu ambacho bado hawezi kukisoma, lakini anaona kwamba kwa wakubwa kina maana.

Ni nia nzuri, na wengi wetu tunaifahamu hali hiyo. Aliyepelekwa chuoni akiwa na miaka mitano anajua maana ya kukaa mkekani mbele ya herufi nzuri, kuzitamka kwa sauti kabla ya kuzielewa, na kuhisi kwamba ndani yake mna jambo kubwa litakalofunguka siku moja. Hata pwani yetu ina watu wanaotembea na maandishi wasiyoyasoma, yameshonwa ndani ya hirizi, na nguvu yake kwao ni hiyo hiyo ya kutosomwa. Fumbo lina heshima yake, na Serafini hakuibuni heshima hiyo, ameipa kurasa.

Hata hivyo, hapa ndipo ninapotofautiana naye, na tofauti yetu si ndogo. Furaha ya yule mtoto haitoki katika kutojua. Inatoka katika imani yake kwamba mwalimu anajua, na kwamba naye zamu yake itafika. Mwondolee imani hiyo, umbakizie kutojua peke yake, uone kama atafurahi. Bibi yangu alikuwa na kutojua bila ahadi yoyote kwa zaidi ya miaka hamsini, na sikumbuki kwamba aliwahi kukuita raha. Ulipokuja mwaka 1970, ambao Mwalimu Nyerere aliutangaza kuwa mwaka wa elimu ya watu wazima, alikwenda darasani jioni na kitambaa kichwani na ubao mdogo mkononi, akakaa pamoja na wakwe zake, jambo lisilokuwa dogo kwa mwanamke wa umri wake, akajifunza kuandika jina lake. Ulimwengu aliokuwa akiuacha ulikuwa ndio huo ambao Serafini anatualika tuuzuru: maandishi kila mahali, yote mazuri, yote yakiwa yamefungwa. Tofauti ni kwamba sisi tukichoka tunakifunga kitabu na kuchukua gazeti. Kutojua kusoma ni starehe kwa mtu anayejua kusoma.

Kwa muda mrefu niliridhika na hukumu hiyo, nayo naamini bado ni ya haki. Lakini haitoshi. Nilipokifungua tena kitabu hiki kwa wiki tatu mfululizo, nikikitazama ukurasa mmoja mmoja jioni, ilikuwa sura ya binadamu iliyonizuia kukifunga kwa dharau. Humo Serafini amechora watu wa makabila yasiyokuwapo, wamesimama na mavazi yao, kwa namna ile ile ya ensaiklopidia za zamani za Ulaya. Msomaji wa kwetu hawezi kuzitazama kurasa hizo kama anavyozitazama Mroma. Sisi tulikuwamo katika ensaiklopidia za namna hiyo. Tulisimamishwa, tukachorwa au kupigwa picha, na chini yetu yakaandikwa maelezo kwa lugha ambayo aliyechorwa hakuijua. Yeye alikuwa picha. Maana yake ilikuwa kwa mwingine.

Sasa angalia Serafini alichofanya. Ameibakiza picha, ameubakiza mpangilio, ameibakiza hata ile sauti ya utaalamu inayosikika katika maandishi yaliyonyooka. Kitu kimoja tu amekiondoa: msomaji anayeelewa. Profesa wa Oxford na mzee wa Pangani wakikifungua kitabu hiki wamekaa benchi moja. Hakuna aliye karibu zaidi na maelezo. Kwa mara ya kwanza yule aliyezoea kuwa msomaji anajua ilivyo kuwa nje ya maandishi yanayodai kueleza kila kitu. Sisemi kwamba Serafini alikusudia somo hilo kwa ajili yetu. Alilolitamka ni la utoto. Lakini kitabu kikishatoka mkononi mwa mwandishi kina haki ya kusema zaidi yake, na hiki, ambacho karibu hakina neno, kimelisema hilo kwangu kwa sauti kuliko vitabu vingi vyenye maneno.

Kasoro zake nazo tuzitaje. Sura ya fizikia na kemia ni nzito. Humo maumbo yamekuwa ya kufikirika mno, na jicho, likikosa mti au mnyama wa kulishika, linachoka. Mahali kama hapo ndipo unapohisi kwamba mchezo ni mrefu kuliko hamu yako. Tena ulimwengu wake una watu wengi lakini hauna mtu. Viumbe wake wanapatwa na mambo makubwa, wanageuka, wanaungwa na vyombo, wanazikwa, lakini hakuna anayehuzunika. Huo ni ubaridi wa ensaiklopidia, na hata tukikubali kwamba ameuiga makusudi, kurasa 360 za ubaridi ni nyingi.

Sura ninayoipenda kuliko zote ni ile ya maandishi. Humo hati yenyewe inakuwa kiumbe: tunaonyeshwa vituo vyake, jinsi inavyoandikwa, na majaribio yanayofanywa juu yake kana kwamba ni mdudu wa maabara. Inaonyesha jambo tunalolisahau haraka mno tukishajua kusoma, kwamba maandishi ni kitu kabla hayajawa maana: ni wino, ni mkunjo, ni mkono wa mtu. Bibi yangu aliujua mwandiko wa mwanawe kwa sura, kama mtu anavyomjua mpita njia kwa mwendo wake, miaka kabla ya kujua herufi moja. Alikuwa na hakika barua imetoka kwa nani. Alichokosa ni kujua imesema nini. Serafini ameielewa hakika ile vizuri sana. Kukosa kwenyewe ndiko alikokufanya mchezo.

Basi hukumu yangu ni hii. Codex Seraphinianus si kitabu cha siri, na anayekuuzia ufunguo wake umwombe akusomee mara mbili. Ni kitabu cha michoro chenye ustadi mkubwa na ubaridi kidogo, kilichobuniwa na mtu aliyeikumbuka vizuri sehemu moja ya kutojua, ile tamu, akaiacha ile chungu. Kitazame, na kama unaweza kitazame pamoja na mtoto ambaye bado hajaanza shule. Atakuuliza hapa pameandikwa nini. Mwambie hujui. Kisha, jioni hiyo hiyo, mfundishe herufi moja ya kweli.